Kitambaa cha Taa Nyekundu

Stima ilirudi Kileleshwa Virginia akiwa bado mlangoni, ameinama anavua viatu vya kazini. Taa ya sebuleni ikawaka, redio ya jirani ikaanza kusema katikati ya taarifa ya habari, na jikoni kile kiboksi cheupe kilichokaa baina ya soketi na plagi ya friji kikalia tik na kuwasha taa yake ya manjano. Virginia akasikia tambara likikamuliwa ndani ya ndoo.

"Mama Ciru, umerudi," Kanini alisema kutoka jikoni.

"Nimerudi. Mmeshindaje?"

"Salama tu. Usipite hapa kwanza, kuko maji."

Virginia alisimama kizingitini asije akachafua palipopigwa deki. Kanini alikuwa amepiga magoti mbele ya friji, miguu mitupu, leso kiunoni, anafuta maji ya barafu iliyoyeyuka mchana kutwa. Alikuwa amezikwa kwao Mwingi mwezi wa nane, na huu ulikuwa mwezi wa kumi. Ciru, binti yake Virginia aliyesoma darasa la tatu, alikuwa juu ya stuli akimsimulia jinsi mwalimu wa hesabu alivyotafuta miwani darasa zima, kumbe ameivaa. Kanini alicheka hadi akaegemea ndoo. Kisha akasimama, akajipangusa mikono kwenye leso, akanyoosha mkono na kuondoa kitambaa cha kufuma kilichofunika kile kiboksi. Akakikunja vizuri, akakiweka juu ya mkebe wa mkate. Chini ya kitambaa, kando ya taa ya manjano, kulikuwa na taa nyingine, nyekundu, iliyokuwa ikiwaka tu.

Taa ya manjano ikazimika, ya kijani ikashika zamu, friji ikaguruma, na mbele yake hapakuwa na mtu. Sakafu ilikuwa kavu. Ciru akashuka kwenye stuli akaenda kufanya kazi ya shule. Virginia akachukua kitambaa pale juu ya mkebe, akakikunjua na kukirudisha mahali pake.

Hicho kiboksi watu wa Nairobi wanakiita gadi ya friji, na mwaka ule wa 2009 hakuna nyumba iliyojiheshimu iliyokikosa. Mvua ilikuwa imekataa, mabwawa yamebaki matope, na stima ikawa inakatwa kwa zamu: leo Kileleshwa, kesho kwingine. Inachukuliwa asubuhi, inarudishwa jioni. Na stima ya kurudi haina adabu. Huja kwa pupa, na nguvu nyingi mno kuliko inavyotakiwa, na ikikuta kitu kimechomekwa ukutani inakiunguza. Ilishaunguza friji ya kwanza ya Virginia, na tivii za majirani kadhaa. Ndipo Kiragu, mumewe, aliposhuka Luthuli Avenue akarudi na gadi. Kazi ya gadi ni kuikalisha stima chini kwanza. Inawasha taa ya manjano, inangoja dakika kadhaa mpaka stima itulie, halafu ndiyo inairuhusu kuingia ndani ya friji. Ilifanya kazi hiyo bila kukosa hata siku moja.

Ile taa nyekundu ilikuwa na maandishi yake pembeni, kwa Kiingereza, herufi ndogo lakini zenye kusomeka. Yalisema kwamba soketi hii haina waya wa ardhini, yaani ule waya ambao mafundi huuita earth, unaoichukua stima iliyopotea njia na kuipeleka chini kwenye udongo. Bila waya huo gadi inailinda friji nusu nusu, na mtu haimlindi kabisa. Virginia alikuwa sekretari katika ofisi moja ya bima kule Upper Hill. Kiingereza ndicho alichokuwa akikipiga chapa kutwa. Aliyasoma maandishi yale siku ile ile gadi ilipotoka kwenye katoni, akayaelewa, akamwambia Kiragu.

"Si friji inashika baridi?" Kiragu alimuuliza.

Friji ilikuwa inashika baridi. Ila taa yenyewe ilimkera Virginia, maana iliupaka ukuta wekundu mchana na usiku, na wageni walikuwa wakiuliza. Katika nyumba ile kila kitu kilikuwa na kitambaa chake cha kufuma: tivii, redio, migongo ya makochi, hata mtungi wa gesi ulikuwa umevishwa. Basi akamwomba Kanini aifumie gadi nayo kitambaa. Kanini alikuwa na mkono mwepesi wa kroshia, aliofundishwa na mama yake. Alifuma cheupe chenye nyota katikati na pindo la manjano, akakitandaza juu ya gadi, na kikaenea barabara.

Kanini alikuwa mwanamke mzima, wa umri wa Virginia mwenyewe. Alikuwa amemlea Ciru tangu siku alipotoka hospitali amefungwa blanketi. Neno la kwanza la Ciru halikuwa mama wala baba, lilikuwa Nini, na Virginia alicheka na wenzake siku ile halafu akaenda kulia bafuni. Alimpenda Kanini, hilo lijulikane. Siku Kanini aliposema friji inamuuma, Virginia hakumpuuza. Alijaribu mwenyewe, akasikia mdundo ukimpanda mpaka kwenye kiwiko, akafanya kile ambacho nyumba zote za Nairobi hufanya. Alitafuta patipati za mpira, akamwekea mlangoni mwa jikoni.

"Usiguse friji bila kuvaa hizi," alimwambia. "Umesikia?"

"Nimesikia, Mama Ciru."

Zilikuwa patipati zake Virginia za zamani. Nyayo zake zilikuwa zimelika mpaka zikawa laini, na juu ya vigae vyenye maji zilikuwa zinateleza.

Mwezi wa nane, siku ya zamu ya Kileleshwa, barafu iliyeyuka kama kawaida ikamwagika sakafuni. Kanini alianza kupiga deki. Patipati zikamtelezesha, akazivua, akaziweka kando. Stima ikarudi. Gadi ikawasha taa ya manjano ikaanza kungoja, na Kanini naye, alipoona friji bado imenyamaza, akaona afadhali aifute ndani kabla haijaanza. Mkono mmoja ukashika mlango wa friji, wa pili ukashika bomba la sinki. Gadi iliporidhika kwamba stima imetulia, ikairuhusu ipite. Friji haikuharibika hata kidogo.

Kule Mwingi, kaburini, mama yake Kanini alimuuliza Virginia swali moja tu.

"Alikuwa amevaa viatu?"

"Hapana, Mama," Virginia alisema. "Nilikuwa nimempa, lakini alivua."

Yule mama alitikisa kichwa. Jamaa waliokuwa karibu nao wakatikisa vichwa, na mmoja akasema watoto wa siku hizi hawasikii, ingawa Kanini alikuwa na mvi mbili tatu. Neno likaishia hapo. Virginia alirudi Nairobi.

Zamu iliyofuata, stima iliporudi jioni, Kanini alikuwa jikoni anapiga deki. Ciru ndiye aliyemwona kwanza.

"Anti Nini, ulikuwa wapi?"

"Niko tu hapa," Kanini alisema. "Inua miguu nipitishe tambara."

Tangu hapo akawa anakuja kila stima iliporudi, akikaa muda ule ule wa taa ya manjano. Mama wa nyumba ya chini alipoelezwa aliuliza kama bado anapiga deki vizuri, akaambiwa ndiyo. Kiragu alimwamkia kwa heshima, akapita na gazeti lake. Virginia ndiye aliyeanza kuyapanga maisha yake kwa ratiba ya stima. Siku za zamu alitoroka kazini mapema, akapanda ngazi mbiombio, roho juu, asije akamkosa. Kila mara alimwekea patipati pale mlangoni, mpya, zenye nyayo nene. Kanini alizivuka kama mtu avukaye kizingiti. Na kila mara, kabla ya kuondoka, aliondoa kitambaa juu ya gadi na kukikunja, na Virginia akakirudisha. Hawakuwahi kulizungumzia jambo hilo.

Mwishoni mwa mwezi wa tisa Virginia aliajiri msaidizi mwingine, Nzula, mama wa watoto wawili waliobaki na nyanya yao. Jioni ya kwanza Nzula alimkuta Kanini amepiga magoti, wakaamkiana, wakaulizana ukoo, ikaonekana wanamfahamu mtu mmoja mwenye duka pale Mwingi mjini. Kanini akamwonyesha mahali unga unapowekwa ili panya wasiufikie. Wiki ya pili Nzula alitoka jikoni akijisugua mkono.

"Mama Ciru, hii friji yenu inauma."

Virginia alikuwa amesikia maneno hayo hayo, mahali hapo hapo, kwa sauti nyingine. Asubuhi iliyofuata hakwenda kazini. Alimwita Mungai, fundi wa stima aliyekuwa na kibanda karibu na kituo cha petroli, ambaye ndiye alikuwa amewafungia soketi nyingi za mtaa ule na kuwafundisha wengi kusukuma kifuniko cha kalamu kwenye tundu la juu ili plagi ya pini mbili iingie.

Mungai aliinua kitambaa akachungulia, akakishusha.

"Gadi iko sawa. Nyumba ndiyo haina earth. Jengo zima halina. Lakini si lazima, mama, watu wanakaa hivyo. Mwambie tu avae patipati."

"Yule mwingine nilimwambia."

Mungai alikuwa amesikia, mtaa wote ulisikia.

"Basi tuweke. Jikoni kwako kuko juu ya maua pale chini. Napiga chuma kwenye udongo, nateremsha waya ukutani, kabla ya chakula cha mchana nimemaliza. Lakini mwenye nyumba lazima akubali." Akaangalia patipati mpya zilizokaa mlangoni, akaelewa ni za nani. "Na mwenyewe anakuja bado?"

"Siku za zamu."

"Hatarudi tena, nikuambie mapema. Kuna mzee kule Karen alikuwa anakuja na stima hivyo hivyo, anakaa kwa kiti chake. Hawa hubaki kwa waya kwa sababu hawana pa kushukia. Tulipoweka earth alishuka. Bibi yake alinilaumu mpaka leo hanisalimii."

Alisema hayo huku akikusanya bisibisi zake.

Kiragu alimpigia simu mwenye nyumba, akaweka sauti ya nje ili Virginia asikie. Mwenye nyumba alikuwa mtu mchangamfu. Alisema jengo limesimama tangu mwaka wa sabini na tisa na hakuna mpangaji aliyewahi kulalamika. Kiragu hakumwambia kwamba aliyekuwa na haki ya kulalamika alikuwa keshazikwa. Mwenye nyumba akaongeza kuwa wao wakitaka kuweka waya wao waweke, mradi wasimharibie maua.

"Haya basi," Kiragu alimwambia mkewe. "Ni wewe tu."

Virginia alitoka akaenda chumbani. Ciru alikuwa amelala kifudifudi kitandani akichora picha ya mtu na ndoo. Alikuwa ameanza tena kula. Tangu Kanini afe alikuwa hali, amekonda mpaka soksi zinamshuka, na aliporudi Kanini ndipo alipoomba chapati. Virginia alimtazama, na alijua kabisa alilopaswa kufanya. Alijua pia kwamba hakuwa anamfikiria Ciru peke yake. Alitaka kuisikia sauti ile ikisema Mama Ciru, umerudi, kama vile hakuna kilichoharibika baina yao. Kila jioni aliyosalimiwa hivyo alijiona kama mtu aliyesamehewa bila kuomba.

Mungai alipopita kesho yake kuuliza, alimwambia wangoje kwanza. Kisha akanunua patipati nyingine, za Nzula, zile ngumu za kuogea, akamwonyesha mahali pa kusimama.

Mama yake Kanini alikuja katikati ya mwezi wa kumi, siku ya zamu, na basi la asubuhi kutoka Mwingi. Alikuwa mwanamke mdogo wa umbo, amejifunga kilemba cha kanisani, na alikuwa amewaletea pojo na asali. Alikaa kwenye kochi, mkoba magotini, asiegemee. Virginia alimkaribisha kwa yote aliyokuwa nayo.

"Tulimzika, lakini hajafika," yule mama alisema. "Mtu anajua nyumba yake ikiwa na mtu. Pale kaburini hakuna mtu. Nikasikia kwa yule mwenye duka, Nzula alimwambia, kwamba yuko hapa kwako. Nimekuja kumchukua."

"Huja stima ikirudi, Mama."

"Basi nitangoja stima."

Wakangoja. Kiragu alikuwa hajarudi kutoka kazini. Nzula alichambua pojo, Ciru akarudi kutoka shule, akamwamkia mgeni akamwita susu, maana Kanini alishamfundisha kwamba nyanya wa Kikamba anaitwa hivyo. Yule mama akamshika kichwa akakaa naye. Nje kukaanza kuwa na giza. Virginia alikuwa akiomba kimoyomoyo stima ichelewe, na wakati huo huo masikio yake yalikuwa jikoni.

Taa zikawaka. Gadi ikalia tik.

"Mama Ciru," Kanini aliita. "Kuna mgeni?"

Yule mama alishainuka kabla Kanini hajamaliza kusema. Wote wakamfuata mpaka jikoni. Kanini, alipomwona, aliacha tambara ndani ya ndoo akamnyooshea mikono yote miwili, na mama yake akaishika.

"Mwaitu, umekuja," alisema, akimwita mama kwa Kikamba.

"Nimekuja, mwanangu. Twende nyumbani."

"Bado kuna maji hapa," Kanini alisema.

Mama yake aliiangalia sakafu, akaangalia miguu yake mitupu, akaangalia patipati zilizopangwa mlangoni. Hakumgombeza. Alimfuta paji la uso kwa kiganja, kama amfutaye mtoto jasho.

"Ni nini kinakushika hapa?" alimuuliza.

Kanini aligeuka, akanyoosha mkono, akaondoa kitambaa. Akakikunja, lakini safari hii hakukiweka juu ya mkebe wa mkate, alimpa mama yake mkononi. Taa nyekundu ikapaka ukuta.

"Hiyo inasema nini?" mama yake aliuliza.

"Sijui, Mwaitu. Imeandikwa Kizungu, na mimi sijui Kizungu. Nimengoja mtu aisome. Muulize Mama Ciru."

Hakusema kwa ubaya. Alisema jinsi alivyokuwa akisema chumvi imeisha. Virginia alimtazama, na ndipo alipofahamu kwamba miezi hii yote Kanini hakuwa akimsuta. Hakuwa akijua kitu cha kumsutia. Alikuwa akiuliza.

Yule mama aligeuka akamngoja. Nzula naye akamngoja, amesimama ndani ya patipati zake ngumu. Ciru aliyatazama maandishi. Alikuwa darasa la tatu na alikuwa msomaji mzuri. Midomo yake ilianza kwenda, neno kwa neno, akafika mwisho, akainua uso kumtazama mama yake.

"Ciru," Virginia alisema, "kamletee susu kiti."

Ciru alisita. Halafu akaenda kuleta kiti.

Ilikuwa rahisi kusema. Ilikuwa sentensi moja, na baada yake Mungai angeitwa, na waya ungeteremka mpaka kwenye maua, na Kanini angeshuka, akafika kwao. Virginia aliifungua midomo yake, na alichokiona ni lile kaburi, na wale jamaa, na yeye mwenyewe akisema nilikuwa nimempa lakini alivua.

"Inasema stima imerudi, Mama," alisema.

"Hivyo tu?"

"Hivyo tu."

Yule mama aliitikia kwa kichwa taratibu. Kanini pia aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyeuliza njia akaelekezwa.

"Basi ni taa nzuri," yule mama alisema. Kisha akakiangalia kile kitambaa mkononi mwake. Alikikunjua, akapitisha kidole kwenye nyota ya katikati, akapitisha kwenye pindo. "Hii nyota mimi ndiye nilimfundisha. Alikuwa mdogo hivi, anakosea hapa kwenye kona, namfumulia anaanza upya. Ona, hakukosea." Akakitandaza juu ya gadi kwa mikono miwili, akakivuta kila upande mpaka pindo likakaa sawa, na ukuta ukarudi kuwa mweupe. "Kisishike vumbi."

Taa ya kijani ikawaka chini ya kitambaa, hakuna aliyeiona. Friji ikaguruma. Ciru alirudi na kiti akakuta nafasi mbele ya friji iko wazi, akakiweka hapo hapo.

Mama yake Kanini alikaa. Alikuwa ametulia, uso wake umelegea, na hilo ndilo lililomuumiza Virginia kuliko kama angelia.

"Bado yuko kazini," alisema. "Nitamwambia baba yake hivyo. Akimaliza atakuja mwenyewe."

Virginia akasema ndiyo, Mama. Ciru alisimama kando ya mlango, hakumtazama mtu. Nzula akaona maongezi yamekwisha na mgeni hajapewa chai ya jioni, akaangalia kama patipati zimemkaa sawasawa miguuni, akafungua friji akatoa maziwa ya chai.